Karatasi ya Mwenza

Eliasi, fundi mapazia, alimpata Anifa katikati ya vurugu za Mtaa wa Kongo, Kariakoo, alipomwomba amshikie ncha ya kitambaa apime. Anifa, ndani ya dera la zambarau lililomkaa hasa, alishika huku akimtania kwamba fundi gani huyu asiye na msaidizi. Basi, ikawa ndiyo hivyo. Miezi minane ya kupigiana simu mchana kutwa, mpaka Eliasi akaahidi kupeleka posa kwao Anifa, Magomeni.

Halafu Anifa akaenda kumchangia damu shangazi yake aliyekuwa anasubiri upasuaji. Wiki iliyofuata akaitwa, akaambiwa damu yake imeonekana ina kaswende. Muuguzi akampa karatasi ya kumwita mwenza wake akapime. Anifa hakuwa na mwingine zaidi ya Eliasi, akampelekea mkononi. Lo, fundi wetu akakosea hapo hapo. Alijitazama, hana kidonda wala upele, akaamua ugonjwa umetoka kwa mwanamke. Aliondoka bila kuaga, na simu akawa hapokei.

Jamani, kumtamani mtu anayekudhania mchafu! Kila Ijumaa Anifa alichomwa sindano moja, kwa wiki tatu, akirudi kwenye duka analouza anachechemea, na kila simu ikiita moyo unamruka. Alimchukia na alimtaka, vyote kwa pamoja.

Siku ya sindano ya mwisho alimkuta Eliasi kwenye benchi la kliniki, amekonda, shati halijapigwa pasi.

"Ile karatasi ilininyima usingizi, nikapima," akasema. "Ninayo."

Anifa alibaki amesimama mbele yake.

"Mwaka jana, kabla sijakujua, nilitokwa na kidonda. Hakikuuma, kikapona chenyewe, nikajua yameisha. Kumbe kinachopona ni kidonda tu, ugonjwa unabaki kwenye damu. Unatembea huna dalili, na unaambukiza. Mimi ndiye niliyekupa, Anifa. Halafu nikakususa."

Machozi yalimtoka Anifa, na hakuyafuta. "Ungeniuliza tu, Eliasi. Ningekujibu."

"Nisamehe, mpenzi. Posa bado nataka kuileta."

"Utaileta. Kwanza umalize sindano zako, turudi kupimwa wote wawili. Mpaka hapo, kaa mbali kidogo."

Anifa akakaa benchi lile lile, ila mwisho kabisa, na alivyotamani kusogea anajua mwenyewe.

Muuguzi akaita jina la Eliasi. Aliinuka, akasita mlangoni, akageuka kumtazama.

"Nenda," Anifa akamwambia. "Mimi sikimbii."