Kikosi cha Ikhlas na Matanga Yasiyo na Maiti

Kila Ijumaa, Ikhlas akishafua sare yake na kuianika, akishaswali alasiri na kumaliza hesabu alizopewa shuleni, mama yake humruhusu kwenda ukumbini. Ukumbi wenyewe uko hapo hapo mtaani Migosi, Kisumu, mwendo wa dakika tano kutoka kwao. Msimamizi wake ni Mwalimu Dorca, ambaye nyumba yake imepakana na ukumbi ukuta kwa ukuta. Watoto wa mtaa huja kusoma vitabu. Wakishasoma saa nzima bila kelele, Mwalimu Dorca hufungua kabati la tableti na kuwaachia wacheze Kisiwa.

Kisiwa ni mchezo wa kubaki wa mwisho. Vikosi vya watu wannewanne hushuka kisiwani kwa miamvuli, kila mtu akaokota bunduki ya rangi. Anayepakwa rangi huanguka. Mwenzake akimfikia na kipande cha sabuni kabla rangi haijakauka, humwosha naye akasimama tena. Wakati huohuo duara linalokizunguka kisiwa huzidi kupungua, na anayeachwa nje ya duara huondolewa mchezoni. Kikosi kinachobaki peke yake ndicho mshindi.

Ikhlas, msichana wa miaka kumi na mitatu, ndiye aliyekuwa nahodha wa kikosi cha Migosi. Alikuwa ameusoma mchezo huo kama mtu anayesomea mtihani. Katika daftari lake aliandika: tusishuke mjini katikati ya kisiwa, maana kila mtu anashuka huko. Tushuke ukingoni, tuokote vifaa, kisha tuingie. Tutembee kabla duara halijasogea, si baada yake. Tushike kilima. Tusimpige aliye mbali ambaye hatuwezi kumpata, maana tutakuwa tunamwonyesha tulipo.

Mipango ilikuwa mizuri. Shida ilikuwa watu.

"Griffin, tumesema tunashuka ukingoni," alisema Ijumaa hiyo, akijaribu kutopaza sauti.

"Nimeona bunduki kubwa huku mjini, kapteni."

"Na watu kumi na wawili hukuwaona?"

"Hao nimewaona baadaye," alisema Griffin, ambaye tayari alikuwa amelala chini, amepakwa rangi ya kijani kutoka utosini hadi miguuni.

Shantel naye alipiga kila kilichotikisika. Wiki iliyopita alimaliza rangi yote kwa mbuzi aliyekuwa akila majani kando ya barabara ya mchezo. Lakini hao wawili angalau walikuwa na kasi. Aliyemmaliza Ikhlas nguvu kabisa ni Wepukhulu.

"Wepukhulu, duara linafunga. Uko wapi?"

"Nakuja. Niko hapa kwa hii nyumba."

"Unafanya nini?"

"Nimepata sabuni."

"Unazo ngapi sasa?"

"Saba."

"Saba za nini? Unafungua duka?"

Shantel alicheka mpaka akasahau kujificha, akapakwa rangi. Wepukhulu alirudi nyuma kumwosha, na duara likawapita wote wawili. Kikosi kikamaliza cha nne, kama wiki iliyopita na kama ile ya kabla yake. Ikhlas aliiweka tableti chini taratibu kwa kuwa haikuwa yake, kisha akajishika kichwa.

Mashindano yalikuwa yamebaki wiki moja. Vikosi sita kutoka sehemu mbalimbali za Kisumu vingekutana hapo ukumbini kwa mechi tatu, na washindi wangepelekwa Luanda Kotieno wakapande feri hadi Mbita. Ikhlas alikuwa ameliona ziwa tangu azaliwe lakini hajawahi kulivuka. Alitaka kushinda kuliko alivyowahi kutaka kitu chochote.

Jumapili ndipo binamu yake Usama alipohamia kwao kutoka Mumias. Vidole vya Usama vilikuwa vyepesi ajabu. Alipomwona akicheza kwa simu ya mama yake, Ikhlas aliamua: Usama aingie, Wepukhulu atoke.

Alhamisi, walipokuwa wakitoka shuleni, Wepukhulu alimfikia akiwa na chapati iliyofungwa kwa karatasi. Mama yake hupika chapati katika soko la Otonglo. Kila akimfungia moja, Wepukhulu huikata vipande vinne vya kugawa na wenzake, yeye akabaki na kile kidogo. Alimpa Ikhlas chake na kuuliza, "Jumamosi tunakutana saa ngapi?"

Ikhlas alikuwa amepanga kumwambia ukweli. Sentensi yenyewe ilikuwa fupi: Wepukhulu, uko polepole, safari hii atacheza Usama. Aliibeba mdomoni tangu asubuhi. Lakini sasa mdomoni mlikuwa na chapati, tena tamu.

"Imeahirishwa," alisema. "Mwalimu Dorca amefiwa."

"Yawa. Amefiwa na nani?"

Hilo hakuwa amelifikiria. "Mama mkwe wake. Yule wa Seme."

Wepukhulu alisimama kidogo, akatikisa kichwa. "Pole yake. Wacha nimwambie mama."

"Si lazima umwambie."

"Mambo ya kifo? Lazima."

Angesema ni mvua. Angesema mtandao umepotea. Mtu wa Kisumu akisikia hivyo huguna tu na kuendelea na shughuli zake. Lakini habari ya msiba hapa haisikiwi na kuachwa ikae. Ikhlas alilijua hilo vizuri, kwa kuwa mama yake mwenyewe hakukosa matanga hata moja pale mtaani. Siku hiyo, hata hivyo, alichofikiria ni feri peke yake. Kesho yake alimwambia Mwalimu Dorca kwamba Wepukhulu ana homa, na mwalimu akakubali Usama akae mahali pake.

Jumamosi ukumbi ulijaa. Vikosi viliketi kwenye pembe zake, na Mwalimu Dorca alipita katikati akiwa na filimbi shingoni. Mechi ya kwanza ilipoanza, Usama aliwapaka rangi watu watano kabla hata Griffin hajafungua mwavuli vizuri. Ikhlas alitabasamu. Kisha Usama akapakwa naye.

"Nioshe," alisema Usama. "Haraka, inakauka."

"Shantel, sabuni," alisema Ikhlas.

"Mimi sina. Griffin?"

"Niitoe wapi? Mimi nina bunduki tatu."

"Bunduki tatu na mikono miwili," alisema Shantel. "Wewe nawe."

Usama akaondolewa mchezoni, na wao watatu wakafuata. Mechi ya pili ilikuwa hivyo hivyo. Mmoja aliangukia kilimani, wa pili akaanguka akimtazama, na hakuna aliyekuwa na kipande cha sabuni.

"Sabuni huwa anabeba Wepu," Shantel alisema, kama mtu anayejisemea. "Wiki ile niliyoanguka mara nne, aliniosha zote nne."

"Mimi mara tatu," alisema Griffin.

Ikhlas alimkasirikia Griffin, akamkasirikia Shantel, akamkasirikia na Usama ambaye hakuwa amekosa lolote. Walikuwa katika nafasi ya tatu. Wakishinda mechi ya mwisho, feri bado ilikuwa yao.

Mwalimu Dorca alikuwa ameinua filimbi aanzishe mechi hiyo, nyimbo ziliposikika nje.

Zilikuwa nyimbo za matanga, zikiimbwa taratibu na wanawake. Ikhlas aligeuka dirishani. Mama Wepu alikuwa akiingia uani, amejifunga leso, na nyuma yake wanawake watano wa Otonglo wakiwa na unga, sukari, majani chai na birika kubwa. Mwisho kabisa alitembea Wepukhulu, amebeba viti viwili vya plastiki kichwani, maana katika matanga viti havitoshi kamwe.

Mlangoni mwa nyumba ya Mwalimu Dorca alikuwa ameketi mama mzee akimenya njugu. Huyo alikuwa Maximilla, ambaye watoto wote walimwita Dani, kama Wajaluo wanavyomwita bibi. Alikuwa amewasili kutoka Seme jana yake jioni, kwa kuwa Jumatatu alitakiwa kliniki ya macho. Alipoona waombolezaji aliweka njugu chini, akainuka na kuwapokea mmoja mmoja kwa mikono miwili, uso wake umejaa huzuni kama inavyopasa.

"Poleni, wanangu. Ni nani ametutoka?"

"Mama mkwe wa Mwalimu," alisema Mama Wepu, akifuta machozi.

Dani alifikiri kidogo. "Mwalimu ana mama mkwe mmoja tu."

"Ndiyo, yule wa Seme."

"Mimi ndiye wa Seme," alisema Dani. "Nimekufa lini?"

Nyimbo zilikatika. Mwanamke mmoja alirudi nyuma hatua mbili, birika mkononi. Mwalimu Dorca alikuwa amefika uani, mikono kiunoni, na alipoelezwa alifumba macho kama mtu aliyeumwa na jino.

"Habari hizi mmezitoa wapi?"

"Kwa huyu," alisema Mama Wepu, akimgeukia mwanawe. Sauti yake sasa haikuwa ya msiba. "Tumefunga vibanda sita, siku ya soko. Nimemkandia mtu unga na kuuacha. Sema, ulisikia wapi?"

Wepukhulu alitazama dirishani. Macho yake yakakutana na ya Ikhlas, akaona tableti mbele yake, akamwona Usama kando yake kwenye kiti cha nne. Ikhlas aliona kwamba mwenzake ameelewa. Kisha kijana akashusha viti kichwani.

"Nilisikia tu njiani," alisema. "Nilikosea mimi."

"Tutaonana nyumbani," mama yake alimwambia.

Ndani, msaidizi wa Mwalimu aliyeachiwa filimbi alikuwa ameipuliza. Ndege ya mchezo ilikuwa angani, na vikosi vingine vimeanza kuruka.

"Ikhlas, turuke wapi?" Griffin aliuliza. "Kapteni? Safari hii nitashuka ukingoni, naapa."

Ikhlas aliitazama tableti, akaitazama feri yake ikienda, akainuka. Alipofika uani sauti ilitoka ndogo, ikabidi aanze tena.

"Ni mimi niliyemdanganya. Hakukosea. Nilimwambia mashindano yameahirishwa ili asije, na nikamwambia Mwalimu ana homa. Nilitaka Usama acheze."

Mwalimu Dorca alivuta pumzi, akaitoa. "Ikhlas, umemtia homa mmoja, umemuua mwingine, na hata saa sita haijafika." Akamgeukia Wepukhulu. "Aliyeandikishwa ni wewe. Ingia, ukae kwenye kiti cha huyu kapteni. Wewe Ikhlas utabaki hapa nje."

Wepukhulu alimtazama mama yake, mama akatikisa kichwa kukubali, naye akaingia.

Ikhlas alibaki amesimama katikati ya wanawake wa Otonglo. Vilivyoletwa matangani havirudishwi nyumbani, kwa hivyo Dani aliagiza moto uwashwe na chai ipikwe. Alimpa Ikhlas beseni la vikombe aoshe. Kupitia dirishani Ikhlas alisikia Shantel akisema, "Wepu, nimeanguka," na Wepukhulu akijibu, "Nakuja." Akasikia hivyo hivyo tena, na tena. Dakika zilipita na kikosi kilikuwa bado hai. Kilifika duara la mwisho, kikamaliza cha pili. Washindi walikuwa watoto wa Otonglo, na feri ikawa yao.

Griffin alitoka akiwa amechangamka. "Hatujawahi kufika wa pili," alimwambia Ikhlas, kisha akakumbuka kwamba amemkasirikia, akageuka na kuchukua kikombe cha chai.

Jambo moja lilikuwa bado halijatengenezwa. Habari ya kifo ilikuwa imeshaenea soko zima, na watu waliendelea kutuma pole. Kwa hiyo Jumatatu jioni, baada ya kliniki, Dani alimwita Ikhlas wakaenda Otonglo. Macho ya mama mzee yalikuwa na ukungu kwa sababu ya dawa alizotiwa, akatembea ameshika bega la msichana. Kila kibanda alisema jambo lile lile: "Habari za kazi. Mimi ndiye maiti. Huyu ndiye aliyeniua." Ikhlas naye alipaswa kueleza yote tangu mwanzo. Wengine walicheka. Mama mmoja anayeuza omena, dagaa wa ziwani, alimkemea mpaka machozi yakamtoka, kisha akampa maji ya kunawa uso.

Walipofika kwa Mama Wepu, Wepukhulu alikuwa akisaidia kusukuma chapati. Ikhlas alisimama mbele yake. Sentensi aliyoibeba tangu Alhamisi ilikuwa bado ngumu.

"Nilikuona uko polepole. Sikutaka ucheze. Ilifaa nikwambie."

"Ungeniambia," alisema Wepukhulu bila kuinua macho. "Ningekasirika. Lakini ningekuuliza: nikiacha kuokota sabuni, nani ataokota?"

"Samahani."

Wepukhulu alisukuma chapati nyingine mpaka ikawa mviringo. "Ijumaa nitakuja," alisema mwishowe. "Lakini kapteni awe Shantel kwanza."

"Sawa," alisema Ikhlas, ingawa alimkumbuka yule mbuzi.

Walipoondoka, Dani alimkaza bega. "Umesikia alivyokujibu?"

"Nimesikia, Dani."

"Basi elewa. Labda unadhani ulimwonea huruma. Haikuwa huruma. Ulitaka kumwondoa na bado akuone mwema, na hivyo viwili havipatikani pamoja. Ukweli ungemuuma, lakini angeweza kukujibu, na jibu lake ndilo ulilokuwa unalihitaji. Uongo haumpi mtu nafasi ya kujibu. Wewe mwenyewe umebaki bila kujua ulichokuwa nacho, na watu wasiohusika wamefunga vibanda vyao. Kesho ukiwa na neno gumu la kumwambia mtu, mwambie, tena kwa adabu. Kisha usikimbie. Simama hapo umsikilize."

"Ndiyo, Dani."

Mama mzee alikunja macho, akijaribu kuona mbele. "Haya, ni kibanda gani kinachofuata?"

"Cha nyanya na vitunguu."

"Twende. Huyo naye anadhani nimezikwa."